Askofu wa kwetu: kijiji na kiti cha askofu katika Kanisa la Nigeria

Mwanzoni mwa mwaka 2023 takwimu moja ilizunguka sana katika vyombo vya habari vya Kikatoliki: kati ya Wanigeria waliojitaja kuwa Wakatoliki, asilimia 94 walisema wanahudhuria Misa kila wiki. Kenya ilifuata kwa asilimia 73. Takwimu hizo zilitoka katika utafiti wa World Values Survey, na zinahitaji tahadhari ya kawaida, maana mtu akiulizwa kama anasali, ni nadra akiri kwamba hasali. Lakini hata ukipunguza robo nzima, Nigeria inabaki juu kuliko nchi nyingi zilizopeleka wamisionari huko. Maelezo yaliyotolewa na wengi yalikuwa mepesi: Waafrika ni watu wa dini. Hayo hayatufikishi mbali, kwa sababu Wakenya nao ni Waafrika.

Jibu zuri zaidi liko kwenye muundo wa Kanisa lenyewe, hasa upande wa mashariki, katika nchi ya Waigbo, ambako Ukatoliki wa Nigeria una mizizi minene kuliko kwingine. Huko Kanisa lilijengwa kuanzia kijijini kwenda juu. Kijiji kilitoa ardhi, kikajenga shule, kikamlipa mwalimu, kikazaa padre. Muundo huo ndio ulioliokoa Kanisa mwaka 1970, wamisionari walipofukuzwa. Na ndio huo huo uliowafanya mapadre wa jimbo la Ahiara wamkatae kwa miaka mitano askofu aliyeteuliwa na Papa, wakidai si mtu wa kwao. Mambo haya mawili huandikwa kana kwamba hayahusiani, moja likiwa sifa na lingine aibu. Mimi nayaona yametoka shina moja.

Majaribio ya kwanza yalipitia kwa wafalme, na yalikufa na wafalme. Wareno walifika ufalme wa Benin, ulio ndani ya Nigeria ya leo, na kuleta mapadre mwaka 1515, bila matunda ya kudumu. Huko Warri, kwa Waitsekiri, mambo yalikwenda mbele kidogo: kuanzia karne ya 16 watawala kadhaa walibatizwa, na mwana wa mfalme aliyeitwa Domingos alipelekwa kusoma Coimbra, Ureno, akarudi na mke Mreno. Lakini mapadre walitegemea meli kutoka São Tomé, meli zilikuja kwa kubahatisha, na hapakuwa na katekista wala seminari ya wenyeji. Kufikia karne ya 19 Ukristo huo ulikuwa umenyauka.

Lagos ilianza kwa njia nyingine. Watumwa walioachiwa huru Brazili walirudi na Ukatoliki wao, na jamii yao, Waaguda, waliutunza bila padre kwa miaka. Aliyewaongoza katika sala alikuwa mlei, mtumwa wa zamani waliyemwita Padre Antonio ingawa hakuwa na daraja takatifu. Francesco Borghero wa Shirika la Misioni za Afrika la Lyon alipopita Lagos mwaka 1863 alikuta waumini tayari. Padre wa kukaa alifika 1868.

Mashariki ndiko penye somo kubwa. Joseph Lutz na wenzake wa Shirika la Roho Mtakatifu walifika Onitsha Desemba 1885, kwa ridhaa ya mfalme wa mji, Obi Anazonwu, wakiwakuta Waanglikana wamekwisha kukaa hapo tangu 1857. Mbinu yao ya mwanzo ilikuwa ya kuwakomboa watumwa kwa fedha na kuwaweka katika vijiji vya Kikristo pamoja na wagonjwa na waliotengwa. Kwa huruma ilikuwa kazi njema. Kwa hesabu ya kimisioni ilikuwa kikwazo: watu huru wa Onitsha waliitazama misheni kama makazi ya watumwa, na baba wa familia yenye heshima hakuona kwa nini mwanawe akakae huko. Léon Lejeune, aliyechukua uongozi mwaka 1900, aliona tatizo hilo. Alipunguza fedha za kukomboa watumwa, akazielekeza kwenye shule na majengo ya matofali. Alifariki 1905, na kazi ikamwangukia Joseph Shanahan wa Ireland.

Shanahan hakubuni shule ya misheni. Alibuni namna ya kuifanya iombwe na kijiji chenyewe. Ujumbe wa wazee ulikuja misheni kuomba mwalimu. Misheni iliuliza maswali ya kawaida: eneo liko wapi, nani atajenga, nani atalipa? Kijiji kilisafisha kiwanja, kikasimamisha jengo la udongo lililoezekwa majani, kikaweka nyumba ya mwalimu pembeni, na kukubali kumlisha na kumlipa. Misheni ilitoa mwalimu, vitabu na katekisimu, na padre aliyepita kwa zamu akiwa na vituo vingi vya namna hiyo. Katikati ya wiki mwalimu alifundisha kusoma, kuhesabu na katekisimu. Jumapili jengo lile lile liligeuka kigango, yaani kanisa dogo chini ya parokia, naye akawa kiongozi wa sala. Alitunza daftari la wakatekumeni, yaani wanaojiandaa kubatizwa. Padre alipofika aliwahoji mmoja mmoja, akabatiza waliofuzu, akasikiliza maungamo, akafungisha ndoa, akaondoka.

Tazama hapo nani anamiliki nini. Padre ni mgeni wa siku mbili. Ardhi, jengo, mshahara na watoto ni vya kijiji. Na kwa kuwa serikali ya kikoloni ilihitaji makarani na wakalimani, shule ilikuwa ngazi ya kupanda, na kijiji kisicho nayo kilijiona kimeachwa nyuma na jirani. Mashindano hayo yaliwasaidia wamisionari sana. Yaliharibu pia: pale upande mmoja wa kijiji ulipochukua Wakatoliki, upande uliokuwa na ugomvi nao wa ardhi uliwaita Waanglikana, na ugomvi wa zamani ukapata majina mapya. Baadhi ya mipaka hiyo iko hadi leo. Walimu nao walikuwa na elimu haba, na idadi ya shule ilizidi uwezo wa kuzikagua. Sheria ya elimu ya 1926 ndiyo iliyolazimisha walimu kuandikishwa na shule kukaguliwa, na tangu hapo misheni iliyotaka ruzuku ya serikali ilibidi iwe na vyuo vya ualimu.

Shanahan alipewa uaskofu mwaka 1920, akaanzisha shirika la Masista wa Rozari Takatifu huko Killeshandra, Ireland, mwaka 1924, akajiuzulu mwanzoni mwa miaka ya 1930. Siku zake za mwisho aliziishi Kenya. Alifariki Nairobi siku ya Krismasi 1943, na mwaka 1956 mabaki yake yalirudishwa Onitsha kwa mapokezi makubwa.

Mapadre wazalendo walichelewa kuliko shule. Paul Emecheta alipata upadre Asaba mwaka 1920. John Cross Anyogu, wa kwanza mashariki ya mto Niger, 1930. Mwaka 1937 alifuata Cyprian Michael Iwene Tansi wa Aguleri, paroko mkali aliyekuja kuwa mmonaki wa Kitrapisti Uingereza, na ambaye Papa Yohane Paulo II alimtangaza mwenyeheri karibu na Onitsha Machi 22, 1998. Tansi ndiye aliyembatiza mtoto Francis Arinze, kardinali wa baadaye. Hierarkia, yaani mpangilio wa majimbo chini ya maaskofu wake, iliundwa Aprili 1950, Lagos na Onitsha zikiwa majimbo makuu, na Kaduna ikafuata 1959. Dominic Ekandem aliwekwa wakfu Calabar mwaka 1954 kuwa askofu mzalendo wa kwanza Afrika Magharibi. Kwenye karatasi Kanisa lilikuwa limekomaa. Kiutendaji, mashariki bado iliendeshwa na Waairishi.

Vita vya Biafra, eneo la mashariki lililojitenga na Nigeria, 1967 hadi 1970, vilimaliza hali hiyo kwa ghafla. Mashirika ya Kanisa yalirusha chakula na dawa usiku kutoka São Tomé hadi uwanja wa Uli, ambao ulikuwa barabara iliyopanuliwa. Serikali ya shirikisho iliona kuwa misaada hiyo ilirefusha vita. Mapigano yalipokoma Januari 1970, mamia ya wamisionari wa kigeni waliokuwa Biafra walifukuzwa nchini, wengine baada ya kufikishwa mahakamani Port Harcourt. Askofu Joseph Whelan wa Owerri alikuwa mmoja wao. Arinze, aliyekuwa askofu mkuu wa Onitsha tangu Juni 1967, alibaki na mapadre wachache wazalendo, majengo yaliyobomolewa na waumini wenye njaa.

Hapo ndipo kigango kilionyesha kazi yake. Parokia iliyopoteza padre ilikuwa na vigango vinavyojua kusali bila yeye, vyenye mwenyekiti, mweka hazina na katekista wao. Hakuna aliyehitaji kuanza upya. Seminari kuu ya Bigard, Enugu, ilifunguliwa tena na kufurika, na katika miaka 20 mashariki ikageuka kutoka eneo la kupokea mapadre hadi eneo la kuwasafirisha.

Pigo la pili la mwaka huo huo lilifanya kazi polepole zaidi. Serikali ya jimbo la East Central, jimbo la Waigbo wakati huo, ilichukua shule za misheni, kama Tanzania ilivyofanya kwa sheria yake ya elimu ya 1969. Wengi huhesabu majengo yaliyopotea. Kwangu hasara kubwa ilikuwa kumtenganisha mwalimu na katekista. Mwalimu akawa mtumishi wa serikali, mshahara wake ukatoka kwingine, na Jumapili hakulazimika kusimama mbele ya mtu. Katekista alibaki na posho ndogo na heshima iliyopungua. Wakati huo huo mapadre wazalendo waliongezeka, wakakaa jirani, wakaingia katika pengo. Serikali ya jimbo la Anambra ilirudisha shule kwa makanisa wakati wa gavana Peter Obi, lakini yule mwalimu katekista hakurudi nazo.

Baada ya hapo kilichobeba Kanisa ni vyama vya walei. Kuna chama cha kina baba, cha kina mama na cha vijana, katika ngazi ya kigango, parokia, dekania na jimbo. Jumuiya ndogo ndogo, ambazo maaskofu wa Afrika Mashariki walizifanya msingi wa uchungaji katika miaka ya 1970, kwa Waigbo hazijapata uzito huo, kwa kuwa nafasi yake ilikwisha kushikwa na vyama na mikutano ya ukoo. Wenye uwezo hujiunga na Knights of Saint Mulumba, shirika lililoanzishwa Onitsha mwaka 1953 kwa jina la Matia Mulumba, shahidi wa Uganda. Utawaona siku ya sherehe na joho, kofia yenye manyoya na upanga. Kila Agosti kina mama walioolewa mbali na wanaofanya biashara Lagos, Kano au Abuja hurudi vijijini kwa mkutano wa mwaka, wanapanga mradi, wanagawana michango, na asiyefika hutozwa faini.

Ukitaka kuelewa ile asilimia 94, angalia kadi ya michango. Kila mwanachama mtu mzima ana kadi yake: ada ya mwaka, mchango wa jimbo, mchango wa ujenzi, mavuno. Sherehe ya mavuno na mnada wake ndiyo mfuko mkubwa wa parokia: viazi vikuu, mbuzi, majogoo na kreti za soda vinaletwa altareni, kisha vinauzwa uwanjani kwa bei isiyo ya soko, kwa sababu anayenunua ananunua mbele za watu. Mzee akifariki, mwili uko mochwari, familia haipangi tarehe ya maziko kabla ya kupeleka kadi yake parokiani. Deni la miaka linahesabiwa. Katika parokia nyingi deni la watoto wake nalo linahesabiwa, hata la yule anayeishi mbali na hajaonekana muda mrefu. Likilipwa, Misa ya maziko inapangwa. Desturi hii imelalamikiwa mara nyingi, tena kwa haki: sakramenti na huduma kwa marehemu haziuzwi, na maskini ndiye anayeumia. Lakini usidhani aliyeibuni ni padre mlafi peke yake. Ni kanuni ya kijiji iliyohamia kanisani, kwamba anayekwepa kazi za pamoja akiwa hai asitegemee kubebwa na wenzake akifa.

Mfumo huo wa fedha pia ndio unaozaa majimbo. Kigango kikitaka kuwa parokia, kwa kawaida kinajenga kwanza nyumba ya padre, kinachimba kisima, kinatafuta gari na jenereta. Kundi la parokia zenye nguvu likitaka jimbo, linafanya vivyo hivyo kwa kiwango kikubwa. Kutoka Onitsha ilizaliwa Owerri, kisha Enugu 1962, Awka 1977, Nnewi 2001. Awka ikatoa Ekwulobia 2020. Aguleri ikafuata 2023. Leo jimbo la kiserikali la Anambra, lenye eneo lisilofika kilomita za mraba 5,000, lina majimbo matano ya Kikatoliki. Jimbo la Kikatoliki la Maiduguri, kaskazini-mashariki mwa nchi, peke yake lina Borno yote, yenye zaidi ya kilomita za mraba 70,000, pamoja na Yobe na sehemu ya Adamawa, na ndilo lililopoteza parokia nyingi kwa Boko Haram. Roma hufuata idadi ya waumini na uwezo wa kulihudumia jimbo, na kwa kigezo hicho Anambra inastahili. Ila ukiendelea kukata, unafika mahali mpaka wa jimbo unalingana na mpaka wa ukoo.

Ndivyo ilivyokuwa Ahiara. Jimbo hilo lilikatwa kutoka Umuahia Novemba 1987, na eneo lake ni Mbaise: wilaya tatu, watu wanaojiona kuwa wamoja, wenye sifa ya kutoa mapadre wengi mno. Askofu wa kwanza, Victor Chikwe, alikuwa wa hapo hapo. Alifariki Septemba 2010. Kiti kilikaa wazi zaidi ya miaka miwili, na huo ndio muda uvumi ulipokua, hadi Desemba 7, 2012, Papa Benedikto XVI alipomteua Peter Okpaleke, padre wa jimbo la Awka, mtu wa Anambra. Mapadre wengi wa Mbaise walikataa. Hoja yao haikuwa ya kijinga kabisa: waliuliza inakuwaje eneo lenye mamia ya mapadre likose hata mmoja wa kufaa, na wakadai kwamba Waanambra walikuwa wakipewa viti kwa wengine.

Sheria ya Kanisa iko wazi kwamba Papa huteua kwa uhuru. Njia ya kufika hapo ndiyo yenye shida. Maaskofu wa kanda hutakiwa angalau kila miaka mitatu kutunga kwa siri orodha ya mapadre wanaofaa. Kiti kikiwa wazi, Balozi wa Papa huuliza watu aliowachagua mwenyewe, mmoja mmoja, kwa siri, kisha hupeleka Roma majina matatu. Siri hiyo inalinda majina ya watu na kuzuia kampeni. Lakini waliozoea kuketi uwanjani na kila ukoo kusema lake wanaipokea kama bahasha iliyoshuka kutoka mbinguni. Kisha kuna hatua ya mwisho ambayo watu wa nje huisahau: ili kulimiliki jimbo, askofu lazima aonyeshe barua ya Papa ndani ya jimbo lenyewe, mbele ya baraza la washauri, na washauri hao ni mapadre wa jimbo. Roma ina uteuzi. Mlango uko mikononi mwa wenyeji.

Okpaleke aliwekwa wakfu Mei 21, 2013 katika seminari ya Ulakwo, nje ya Ahiara, na hakuweza kuingia kuongoza. Julai mwaka huo Kardinali John Onaiyekan alifanywa msimamizi wa kitume, yaani wa kuliongoza jimbo kwa muda kwa niaba ya Papa. Desemba Kardinali Peter Turkson wa Ghana alitumwa kusikiliza. Haikusaidia. Juni 8, 2017 Papa Fransisko aliwaambia wajumbe waliotoka Ahiara kwamba kila padre wa huko, mmoja mmoja, aandike barua ya kuomba msamaha na kuahidi utii kabla ya Julai 9, na asiyeandika asimamishwe. Barua 200 hivi zilifika. Adhabu haikutolewa, upinzani haukuisha, na Februari 2018 Okpaleke alijiuzulu.

Machi 2020 Roma iliikata Awka, ikaunda Ekwulobia, na kumweka Okpaleke kuwa askofu wake wa kwanza; Agosti 2022 akavikwa ukardinali. Wengi waliusoma ukardinali huo kama jibu kwa Mbaise, na huenda ni kweli. Mimi naona jambo lingine. Okpaleke ni mzaliwa wa Amesi, na Amesi iko ndani ya Ekwulobia. Baada ya miaka mitano ya kukataa hoja ya askofu wa kwetu, suluhisho lilikuwa kumpa kiti nyumbani kwao.

Barua za toba hazikuweza kutibu hili, kwa sababu chanzo kiko katika maisha ya kawaida ya padre. Padre wa jimbo hufungamana na jimbo moja tangu ushemasi. Jimbo likiwa na ukubwa wa ukoo, huyo anazaliwa, anasoma seminari ndogo, anapewa upadre na anazeeka akihudumia binamu zake. Tanzania haina utakatifu zaidi, ila mazoea yake ni mengine: Polycarp Pengo wa Sumbawanga alipelekwa kuwa askofu Nachingwea mwaka 1983, upande wa pili wa nchi, na Kiswahili kilimtosha. Askofu Mwigbo anayepelekwa kwa Wativ au Waefik anaanza na lugha.

Sheria inaruhusu padre kufanya kazi jimbo jingine kwa mkataba, bila kukata uhusiano na jimbo lake. Majimbo ya mashariki yanaujua mkataba huo vizuri, maana ndio unaowapeleka mapadre wao Ujerumani, Ireland na Marekani. Parokia ya Bavaria inalipa mshahara, nyumba na bima, na sehemu ya fedha hurudi nyumbani. Maiduguri haiwezi kulipa hivyo. Kama maaskofu wa Owerri na Onitsha wanataka kijana wa Mbaise aishi miaka mitano ya kwanza ya upadre wake Borno au Yola kabla hajapewa parokia ya kwao, mshahara, gari na bima ya safari hiyo vitatakiwa kutoka kwenye mavuno ya mashariki, na kadi za michango zitahitaji mstari mmoja zaidi.